Ganzi ya Mdomo Upande Mmoja: Mwendo Wake, Mipaka Yake na Wenzake

Jioni moja ya msimu wa kusi, baada ya Maghrib, ami yangu alimrudishia muuza kahawa kikombe akidai kimemeguka ukingo. Tulikuwa tumekaa barazani hapa Lamu, watu sita au saba, mazungumzo yakienda taratibu. "Hiki kibovu, nipe chengine," akasema. Akapewa kingine. Akakitia mdomoni, akakitoa, akaupapasa ukingo wake kwa kidole. Kizima. Hata kile cha kwanza kilikuwa kizima. Kilichopungua ni mdomo wake. Upande wa kulia haukuhisi kaure wala moto wa kahawa, kwa hiyo ubongo ukapokea habari za nusu ya kikombe na kukata shauri kwamba nusu ya pili haipo.

Barazani kila mtu ni tabibu. Mmoja akasema ni jino. Mwingine akasema ni upepo wa bahari, na wa tatu akasema amelalia shavu adhuhuri. Ami mwenyewe akaongeza kuwa kidole gumba na cha shahada vya mkono wa kulia vinamwashawasha kama mkono uliolaliwa. Neno hilo hakuna aliyelitilia maanani, nami nikiwa mmoja wao. Baada ya nusu saa hivi ganzi ikaondoka, tukamshukuru Mungu, tukaenda kuswali Isha. Alfajiri yake, mkono na mguu wa kulia haukuamka pamoja naye.

Tangu hapo nimewasumbua sana matabibu na madaktari wa meno kwa swali moja: ganzi ya mdomo upande mmoja ni nini, na mtu atajuaje ya kungoja na ya kukimbia nayo? Nimekuja kuelewa kwamba ganzi hii haisomwi kwa kuikodolea macho yenyewe. Husomwa kwa mambo matatu: imekuja kwa mwendo gani, mipaka yake iko wapi, na imefuatana na nani.

Neva ya kuhisi na neva ya kusogeza

Watu wengi huchanganya mdomo uliokufa ganzi na mdomo uliopinda. Ni mambo mawili, na yanapita katika njia mbili. Daktari wa Kiskoti Charles Bell, aliyeishi kati ya 1774 na 1842, aliwasilisha London mwaka 1821 maandishi yake kuhusu neva za uso, na jina lake limebaki kwenye ugonjwa wa kupooza uso mpaka leo. Tunachokijua sasa ni hiki: habari za kuguswa, joto, baridi na maumivu ya uso hubebwa na neva ya tano ya kichwa. Amri za kutabasamu, kufumba jicho na kukunja uso hupelekwa na neva ya saba. Ya tano ikidhurika, uso haupindi ila hauhisi. Ya saba ikidhurika, uso hupinda, na kuhisi hubaki karibu kama kawaida, ingawa wenye uso uliopinda wengi husema "umekufa ganzi" kwa sababu wanauhisi mzito.

Neva ya tano ina matawi matatu kila upande. La kwanza ni la paji la uso na jicho. La pili hupita chini ya jicho na kutokea kwenye tundu dogo la mfupa wa shavu, likahudumia kope ya chini, ubavu wa pua na mdomo wa juu. La tatu ni la taya, na hili ndilo lenye visa vingi. Uzi wake mmoja huingia ndani ya mfupa wa taya la chini, ukapita chini ya mizizi ya magego yote kama waya uliopitishwa ndani ya bomba la ukutani, halafu ukachomoza nje karibu na magego madogo na kusambaa kwenye mdomo wa chini na kidevu. Kwa hiyo jambo lolote linalotokea ndani ya taya, liwe jipu, sindano, ufa wa mfupa au uvimbe, linaweza kujitangaza mdomoni, mahali ambapo penyewe pazima kabisa.

Matawi ya kulia na ya kushoto hukutana katikati ya uso na kila moja hubaki kwake. Ndiyo maana ganzi inayokatika sawasawa katikati ya mdomo hutuelekeza kwenye neva ya upande mmoja au kwenye upande mmoja wa ubongo. Ikiwa imeshika midomo yote na ulimi, pande zote mbili, basi mara nyingi chanzo kimo katika damu: sukari iliyoshuka sana, kupumua kwa haraka kutokana na hofu, au sumu. Kwetu sisi wa pwani sumu ya kwanza kuikumbuka ni ya bunju, yule samaki anayejivimbisha. Mtu aliyekula bunju, midomo na ulimi vikaanza kuchomachoma, asingoje hata dakika moja, kwa sababu sumu hiyo haiondoki kwa kupikwa na inaweza kulemaza misuli ya kupumua.

Ganzi inapotoka ubongoni

Kwenye ubongo kuna eneo linalopokea habari za kuguswa kutoka mwili mzima, na eneo hilo halikugawanywa kwa ukubwa wa kiungo. Mgongo mzima una sehemu ndogo. Midomo na vidole vina sehemu kubwa mno, maana ndivyo tunavyoonjea na kushikia. Na kwenye ramani hiyo uso na mkono ni majirani, gumba likikaa karibu na mdomo. Mishipa midogo ya damu ikiziba mahali hapo, au ndani zaidi kwenye kituo ambacho habari zote za mwili hupita, ganzi hushika pembe ya mdomo na vidole vya mkono wa upande uleule kwa wakati mmoja. Hicho ndicho kisa cha ami. Jino halifiki mkononi. Upepo wa bahari haufiki mkononi. Mdomo na mkono vikifa ganzi pamoja, pa kutazamwa ni juu, ubongoni.

Kiharusi huja ghafla. Saa hii uko mzima, dakika inayofuata si mzima. Ganzi ya kipandauso inayotangulia maumivu ya kichwa hutembea polepole, aghalabu ikianzia vidoleni na kupanda hadi mdomoni kwa muda wa dakika 5 hadi 60, na mwenye kuizoea huitambua kama anavyomtambua mgeni wake wa kila mwezi. Lakini mtu ambaye hajawahi kupata ganzi ya aina hiyo asijipe jina la kipandauso siku ya kwanza. Aichukulie kuwa ni kiharusi mpaka daktari aseme siyo.

Hapa nyumbani unaweza kupima wenzake wa ganzi kabla hata mashua haijafunguliwa kamba. Mwambie atabasamu kwa kuonyesha meno, utazame kama pembe moja inabaki nyuma. Mwambie anyooshe mikono yote miwili mbele, viganja vikitazama juu, afumbe macho kidogo, uone kama mmoja unateremka. Kisha umpe salamu umwache aijibu yote, "wa alaykumu salaam warahmatullahi wabarakatuh," maana maneno haya kila mzee wetu ameyasema maelfu ya mara na ulimi ukiyakwaa utasikia mara moja. Muulize pia kama anaona vizuri kwa macho yote, kama kizunguzungu kimemshika, kama mguu unamtii. Jibu moja baya latosha. Mkichelewa mkisubiri la pili, mnapoteza ubongo: wataalamu hukadiria kuwa katika kiharusi cha kuziba mshipa mkubwa, seli za neva karibu milioni 1.9 hufa kila dakika.

Dawa ya kuyeyusha damu iliyoganda hutolewa ndani ya muda wa saa 4 na nusu tangu dalili zianze, na haitolewi kabla ya picha ya CT ya kichwa. Mwenye kuishi Lamu anaijua hesabu iliyobaki. Kutoka Kizingitini au Faza, kisiwani Pate, boti ikipita Mkanda, mlango mwembamba wa bahari kati ya kisiwa cha Manda na bara, kwa miaka mingi ilikuwa ikingoja maji yajae. Maji yakipwa hasa siku za bamvua, njia hiyo ilikuwa ikifunga. Kusi ikikaza, bahari ya nje si ya mgonjwa. Ukishuka Mokowe, gati la upande wa bara, bado una barabara, na Mombasa iko zaidi ya kilomita 300. Sisemi haya kumkatisha mtu tamaa. Nasema kwa sababu mtu wa bara anaweza kusema "tungoje nusu saa tuone" na bado akafika. Sisi hiyo nusu saa tumeshaikopesha bahari. Uamuzi wa kuondoka visiwani unapaswa kufanywa mapema kuliko mahali pengine popote, na simu ipigwe hospitali huku watu wakitafuta boti, ili mkifika mjue moja kwa moja kama mgonjwa atatazamwa papo hapo au ataendelea na safari. Hata muda wa dawa hiyo ukipita, kufika hospitali bado kuna faida kubwa: presha na sukari huangaliwa, kupaliwa huzuiwa, mazoezi ya viungo huanza mapema.

Kuna mambo ambayo sisi ndugu huyafanya kwa mapenzi na yakadhuru. Tunampa aspirini. Kiharusi ni cha aina mbili, cha mshipa kuziba na cha mshipa kupasuka, na hakuna jicho la mtu linaloweza kuvitenganisha. Ni picha tu. Ukimpa aspirini aliyepasuka mshipa umezidisha kuvuja. Tunampa vidonge viwili vya presha kwa mpigo ili ishuke, na kumbe mwili mwenyewe umeipandisha kusukuma damu ipite penye kizuizi. Tunamnywesha uji au chai ya tangawizi wakati koo halimezi sawasawa, ikaenda mapafuni. Mwache asile wala asinywe mpaka apimwe umezaji wake, mlaze kwa ubavu akitapika, na zahanati yoyote iliyo njiani yenye kipimo cha sukari cha kidole impime, kwa sababu sukari iliyoshuka huweza kuigiza kiharusi hasa, na hiyo hutibika pale pale.

Na kusomewa? Asomewe, tena kwa nia njema, lakini ndani ya boti inayokwenda. Hijama na kuchuliwa na vingoje mpaka madaktari wamalize kazi yao. Wazee wetu waliuita uso uliopinda na kiungo kilichokufa kwa majina ya pepo na upepo kwa sababu jambo hili huja ghafla bila kugonga mlango. Walichokiona walikiona kweli. Ila leo tunajua mlango wake ni mshipa wa damu, na aghalabu nyuma yake kuna presha ya miaka mingi, sukari, sigara, au moyo unaopiga bila mpangilio. Miraa na muguka navyo hupandisha presha na kuyapa mapigo ya moyo kasi. Kijana anayekesha shavu limejaa, akapata ganzi ya mdomo na mkono, asidhani ujana ni ngao.

Sasa nirudi kwenye jambo linalonichoma zaidi: ganzi iliyoondoka yenyewe. Ami alipona ndani ya nusu saa na sote tukaona yamekwisha. Madaktari huita hali hiyo kiharusi cha muda, damu iliyoziba kisha ikapita, na hatari ya kiharusi kamili hufuata nyuma yake, siku 2 za mwanzo zikiwa ndizo mbaya zaidi. Kuisha kwake si kupona. Mtu huyo anapaswa kuonekana hospitali siku ileile, apimwe presha, sukari, moyo na mishipa ya shingo ikiwezekana, aanzishiwe dawa ya kuzuia. Hiyo ndiyo nafasi ambayo wengi wenye kiharusi hawakuipata hata kidogo. Sisi tuliipata tukaifuatishia kahawa.

Uso uliopinda bila mkono

Kupooza kwa Bell huja kwa saa kadhaa hadi siku mbili tatu. Uso wa upande mmoja unalegea wote, jicho halifungi, maji ya kusukutua yanamwagika, ladha hubadilika, nyuma ya sikio panauma. Alama ya kuutofautisha na kiharusi iko kwenye paji. Mwambie anyanyue nyusi kama aliyeshangaa. Katika kiharusi paji la uso hukunjamana pande zote, kwa sababu misuli ya paji hupokea amri kutoka pande zote mbili za ubongo. Katika kupooza kwa Bell, upande mbovu wa paji hubaki laini kama kitambaa kilichopigwa pasi. Hata hivyo usijifanye hakimu wa paji la mwenzio usiku wa manane. Nenda naye.

Wengi wanapona kabisa, na dawa ya prednisoloni ikianzwa ndani ya saa 72 huongeza nafasi ya kupona. Kinachosahaulika ni jicho. Jicho lisilofungwa hukauka na kuchubuka, hasa kwa upepo wetu wa mchanga, kwa hiyo linahitaji dawa ya kulilainisha mchana na kufungwa vizuri usiku.

Meno, taya na kilicho ndani yake

Ganzi nyingi za mdomo wa chini zina historia ya kiti cha daktari wa meno. Sindano ya ganzi ya taya la chini huwekwa nyuma kabisa, pale neva inapoingia ndani ya mfupa, ndiyo maana jino likaguswa moja na nusu ya mdomo na kidevu vikalala. Mdomo kwa kawaida huamka baada ya saa 3 hadi 5, baada ya jino lenyewe. Mtoto aangaliwe muda wote huo, kwa kuwa huutafuna mdomo wake mwenyewe bila kusikia, na jioni mama akaona kidonda kikubwa akidhani daktari amemkata. Hakuna chakula wala kinywaji cha moto mpaka ganzi iishe.

Ikiwa kulipokucha bado mdomo umelala, rudi kwa aliyekuhudumia na umweleze. Mizizi ya gego la mwisho la chini mara nyingine hugusana na neva ile, na gego likitolewa neva huminywa au huvimba. Nyingi hurejea kwa wiki au miezi kadhaa, na dalili njema ni mwasho na kuchomachoma kunakoanza kurudi, kama mguu unapoamka. Daktari atachora mipaka ya ganzi na kuilinganisha kila unapokuja. Ikiwa haipungui, kuna wataalamu wa upasuaji wa taya, na ni afadhali kuwafikia katika miezi ya mwanzo kuliko mwaka wa pili.

Kuna pia ganzi ya nyumbani. Mafuta ya karafuu yana eujenoli, ambayo hufisha hisia kweli, na wengi wetu tumekulia kwenye pamba ya karafuu juu ya jino bovu. Yakigusa mdomo, mdomo utapata ganzi na itaisha. Tatizo ni pale karafuu inapotumika miezi mitatu kufunika jipu linaloendelea kula mfupa. Jino lenye usaha likifika kwenye ule uzi ndani ya taya, ganzi ya kidevu huja pamoja na maumivu, uvimbe na ladha mbaya. Ukiona uvimbe umeshuka chini ya taya, ulimi umenyanyuka, mate hayamezeki au mdomo haufunguki, hiyo si kazi ya kungoja siku ya kliniki. Shingo ikivimba hewa hufunga, na mgonjwa lazima afike hospitali usiku huohuo.

Aliyeanguka kutoka juu ya punda, au kwenye pikipiki ambazo siku hizi zimeenea, au aliyepigwa na mlingoti, akapata ganzi ya mdomo wa juu, ubavu wa pua na chini ya jicho, afikiriwe kuwa amevunjika mfupa wa shavu. Ganzi ya mdomo wa chini na meno yasiyokutana kama zamani ni taya lililovunjika.

Kidevu kilichokufa ganzi bila sababu

Hapa nataka msomaji akae nami kidogo, kwa sababu jambo hili linajulikana kwa wachache. Mtu hajatolewa jino, hajaanguka, hana uvimbe, hana maumivu. Sehemu ndogo tu ya mdomo wa chini na kidevu, upande mmoja, imelala na haiamki. Anavumilia wiki, anavumilia mwezi, maana haimzuii kula wala kwenda kazini. Ganzi hii ndogo isiyo na maelezo ni mojawapo ya zile ambazo madaktari wameonywa kuziheshimu sana. Inaweza kuwa ni alama ya saratani iliyofika kwenye mfupa wa taya, hasa saratani ya matiti na ya tezi za limfu. Kwa mtu aliyewahi kutibiwa saratani, ganzi ya kidevu huweza kuwa habari ya kwanza kwamba imerudi. Asiambiwe "ni neva tu" kabla ya picha ya taya na vipimo vya damu.

Kwa watu wenye selimundu, ambayo wengi tunaiita sikoseli, kidevu kinaweza kufa ganzi wakati wa mashambulizi ya maumivu, kwa sababu chembe za damu zilizojipinda huziba mishipa midogo ndani ya mfupa wa taya. Mzazi mwenye mtoto wa sikoseli aitaje ganzi hiyo anapofika hospitali, pamoja na mahali pote panapouma.

Na kwa watoto kuna uvimbe wa taya ambao Denis Burkitt, daktari mpasuaji aliyekuwa Uganda, aliueleza mwaka 1958, na ambao hupatikana zaidi katika maeneo yenye malaria nyingi. Taya au shavu hujaa kwa siku na wiki chache, meno yanalegea bila kuoza, kidevu kinaweza kupoteza hisia. Saratani hii hukua kwa kasi ya kutisha, lakini pia husikia dawa vizuri mno ikikutwa mapema. Mtoto mwenye meno yaliyolegea na uvimbe asitolewe meno tu akarudishwa nyumbani.

Siwezi kuzungumzia mdomo pwani nikaacha tambuu. Popoo, ile kokwa inayotafunwa ndani ya tambuu, iwe na tumbaku au bila, imewekwa na shirika la utafiti wa saratani lililo chini ya Shirika la Afya Duniani katika kundi la vitu vinavyojulikana kusababisha saratani. Ni mila ya harusi na ya heshima, najua, na sitaki kuitukana. Lakini anayetafuna kila siku ajitazame kinywani kwa kioo na mwanga: baka jeupe au jekundu lisilofutika, kidonda kilichozidi wiki 2, shavu linalokakamaa kiasi kwamba mdomo haufunguki kwa vidole vitatu, au ganzi mahali alipozoea kuweka tambuu. Mojawapo linatosha kwenda kuonwa.

Mengine machache

Mkanda wa jeshi huanza kwa kuchomachoma na ganzi siku chache kabla ya malengelenge, nao hufuata tawi moja la neva bila kuvuka katikati. Dawa yake, asiklovia, hufaa zaidi ikianzwa ndani ya saa 72 tangu malengelenge yatokee. Lengelenge kwenye ncha ya pua ni onyo kwamba jicho liko hatarini. Malengelenge sikioni pamoja na uso uliopinda yanahitaji daktari siku hiyohiyo. Kwa kijana, mkanda wa jeshi ni sababu nzuri ya kupima Virusi vya Ukimwi.

Mdomo unaochomachoma mahali pamoja kila mara, kisha ukatoa vilengelenge vidogo na kupona, huo ni ugonjwa wa kawaida wa midomo.

Mdomo unaovimba na kufa ganzi kwa mtu anayetumia enalaprili kwa presha unaweza kuwa ni dawa hiyo, hata kama ameitumia miaka bila tatizo. Ikivimba hadi ulimi, au sauti ikabadilika, ni dharura. Wenye kisukari nao neva zao hudhurika, ila kwa kawaida sukari huanzia miguuni, kwa hiyo ganzi ya mdomo peke yake isisukumiwe sukari kwa haraka.

Unapokwenda kuonwa

Mwenye ganzi ya ghafla yenye mwenzake hata mmoja katika niliowataja, mkono, mguu, maneno, macho, kizunguzungu, uso kupinda, au maumivu ya kichwa ya ghafla yasiyo na mfano, aende sasa hivi, hata ikiwa imeanza kupungua. Uvimbe wa koo, kupumua kwa shida na bunju, vivyo hivyo. Uso uliopinda peke yake bila kuja ghafla, malengelenge usoni, ganzi baada ya kuumia, au ganzi ya kidevu kwa mwenye saratani au sikoseli, aende leo au kesho asubuhi. Ganzi ndogo ya pekee isiyo na sababu, hata kama haiumi, isivuke wiki moja bila kuonwa na tabibu, na daktari wa meno awe mmoja wa watakaoitazama.

Kabla ya kuondoka, chukua kipande cha pamba, umguse pande zote mbili za uso, polepole, ukimuuliza ni wapi hisia inabadilika. Weka alama kwa kalamu juu ya ngozi kama ni lazima. Mpaka huo ni habari kubwa kwa tabibu kuliko maelezo ya dakika kumi. Beba pakiti za dawa zote anazotumia, zikiwemo za miti na mafuta. Na andika saa, kwa sababu hilo ndilo swali la kwanza mtakaloulizwa mlangoni.

Sisi tuliulizwa. Kwa mtu aliyeamka na kiharusi, muda huhesabiwa tangu mara ya mwisho alipoonekana mzima, na ami alikuwa amelala tangu saa 4 za usiku. Mpaka tunamfikisha, hesabu ilikuwa imekwisha zamani. Tabibu akauliza kama kulikuwa na dalili yoyote kabla ya hapo, na inajulikana ilikuwa saa ngapi. Tukatazamana. Ilijulikana, tena na watu sita au saba: ilikuwa baada ya Maghrib, kahawa ya kwanza ikimiminwa.